Kaburi la Zakaria

Mwezi uliopita tulimuaga Zakaria kazini. Hafla ilikuwa Kimandolu, kwenye ukumbi wa viti vilivyovalishwa vitambaa vyeupe na mafundo ya dhahabu mgongoni, na mzee wetu akaketishwa mbele kama bwana harusi, blanketi magotini, maana siku hizi baridi ya Arusha inamwonea. Kwa wasiojua, Zakaria ni mbunifu wa mandhari ya filamu. Kila unachokiona nyuma ya mwigizaji, ukuta, sufuria, pazia lililopauka upande wa dirisha tu, kuna mtu ameamua kiwe vile, na hapa kwetu mtu huyo kwa miaka mingi alikuwa yeye. Nusu ya watu waliokuwamo ukumbini walifundishwa naye, na nusu nyingine walifundishwa na hao. Ukiona filamu yenye nyumba inayoonekana imepikiwa, imegombaniwa, imefagiwa na mtu mwenye hasira, jua mkono wake umepita hapo au umepita karibu. Kwa hiyo hotuba zilikuwa nyingi, zote ndefu, na mimi nilikuwa nimeshiba pilau na kuanza kusinzia pale kijana mmoja jirani yangu alipoanza kumweleza mwenzake maana ya "kaburi la Zakaria".

Hilo ni neno la kazi yetu. Tukipewa filamu yenye mazishi, hatuchimbi. Tunajenga jukwaa la mbao, tunalifunika udongo na majani kila upande, tunaacha nafasi katikati, na jeneza likishushwa linatua juu ya nyasi zilezile ambazo mbuzi alikuwa akila asubuhi. Ardhi haiguswi. Ni kazi kubwa kuliko kuchimba, na kila mwanafunzi mpya analalamika, lakini ukikuta watu wanachimba kaburi la filamu ujue hawajapita mikononi mwetu. Sasa yule kijana akasema sababu ni bima. Eti kampuni za nje hazitaki mashimo, mtu asije akavunjika mguu. Mwenzake akasema hapana, ni mambo ya mwanga, shimoni taa hazifiki. Khaa. Nikamtazama Zakaria kule mbele, kumbe naye alikuwa ananitazama, mabega yanacheza kwa kicheko. Nilipokwenda kumpa mkono nikamwambia, watoto wako wanasema ni bima. Akanivuta karibu.

"Waambie wewe, Aika," akasema. "Mimi nikisema watadhani nahubiri."

Haya, nawaambia. Mwaka ule nilikuwa msichana wa miaka ishirini na kitu, naandika mabango ya maduka Lemara. Ya kwetu nayaacha, hapa hatuzungumzii ukoo. Itoshe kusema kwamba Kimeru nakisikia vizuri ingawa nikikizungumza watu wanacheka. Zakaria alinikuta juu ya ngazi nachora kuku kwenye ukuta wa duka la chakula cha mifugo. Akasimama chini kwa muda, nikadhani ni wale wanaume wa kusimama chini ya ngazi, nikajiandaa kumwaga rangi kwa bahati mbaya. Akauliza kwa nini kuku wangu anaonekana ana njaa. Nikamjibu kwamba kuku aliyeshiba hanunuliwi chakula. Akaniambia nishuke, ana kazi. Wakati huo jina lake lilikuwa halijawa jina. Alikuwa seremala wa Kaloleni aliyeingia kwenye filamu kwa kupigilia misumari. Wageni walikuja kupiga picha za simba na wawindaji, wakitaka kambi hii na kibanda kile, yeye anajenga, wao wanachoma au wanaondoka. Sasa, kwa mara ya kwanza, alikuwa amekabidhiwa filamu nzima, ya Kiswahili, ya watu wetu, kila kitu juu yake kuanzia paa hadi kijiko. Ikiharibika, aliniambia bila kuficha, anarudi kutengeneza vitanda.

Filamu ilihusu ukoo unaogombea shamba baada ya babu kufa, na dairekta wetu, kijana wa Dar mwenye haraka na moyo mzuri, alitaka mji wa kweli kwenye miteremko ya Meru, wenye migomba na kahawa. Tuliupata juu ya Tengeru, kwa Mzee Barikieli na mkewe, Bibi Eliaichi. Zakaria alikuwa na utaratibu ambao mpaka leo vijana wanaununia, kwamba hujengi nyumba kabla hujaishi kwenye nyumba. Tulitakiwa kujenga nyumba ya pili, ya filamu, pale uani, ifanane na yao lakini iwe na kuta za kuondoa ili kamera ipite. Basi mimi nikawekwa kwa Bibi, chumba cha nyuma, pamoja na magunia ya mahindi na harufu ya kahawa mbichi inayokausha koo. Kazi yangu ya mwanzo ilikuwa kula na kuangalia. Sijawahi kupata kazi nzuri kama ile tena.

Sebule ya Bibi naweza kuichora hata leo nikiwa nimefumba macho. Makochi yenye vitambaa vya kufuma, cha rangi ya machungwa kwenye kila mgongo, na ole wako ukikiegemea kikaanguka. Redio imefunikwa kitambaa chake. Picha zimetundikwa juu sana, karibu na dari, zimeinamia chumba kana kwamba marehemu wanataka kusikia tunaongea nini. Lakini maisha yenyewe yalikuwa jikoni, kibanda cha pembeni chenye kuta nyeusi zinazong'aa kwa masizi, kuni zimepangwa juu ya dari ya fito, na ndama mgonjwa kafungwa kwenye kona apate joto. Pale ndipo nilipokula mtori wa ndizi mshare asubuhi, na loshoro mchana, mahindi na maziwa ya mgando, baridi kabisa, kwenye bakuli la bati lililobonyea. Bibi alikuwa mfupi, mwepesi wa mguu, mzee wa kanisa kwenye usharika wake wa Kilutheri, na alikuwa hapendi mtu anayekula huku anafikiria. Akiniona nimeduwaa natazama ukuta, ananiambia ukuta hauendi popote, mwanangu, chakula ndicho kinachopoa.

Halafu tukaanza kuharibu. Kazi yetu, watu wengi hawajui, ni kuzeesha. Tulijenga ukuta mpya kisha tukaufukizia moshi wa majani mabichi, tukaupaka maji ya chai iliyochemka mpaka ikawa chungu, tukausugua kwa kinyesi cha ng'ombe pale ambapo watoto wangekuwa wanaegemea. Mzee Barikieli alitoa kigoda chake, akakaa kutazama. Alikuwa mrefu, kifua kinamsumbua tangu masika, koti la kijivu halimtoki hata jua likiwaka, na kwa mgeni alikuwa mkimya, lakini akishakuzoea utani wake hauna breki. Kila asubuhi nikimwamkia shikamoo, anaitika marahaba kisha anauliza leo tunaharibu nini. Siku tuliyochubua rangi ya mlango mpya kwa msasa alimwita Bibi aje aone. Akasema wangemwajiri yeye, maana ana miaka mingi anazeesha vitu na hajawahi kulipisha mtu. Nilimpenda yule mzee, niseme wazi. Nilikipenda chumba cha magunia, nikayapenda hata makelele ya ndama, na nilikuwa nimeanza kuogopa siku ya kazi kuisha.

Sasa kwenye hadithi ya filamu babu anafariki, na kwa Wameru mtu hazikwi mbali, anazikwa nyumbani, kwenye migomba yake. Dairekta alitaka kaburi lichimbwe, la kweli, kamera iingie ndani itazame watu kutoka chini. Jukumu la kuomba ruhusa likamwangukia Zakaria. Mtu wa mjini yule, lakini adabu anazo, tena kupita kiasi. Unamwambiaje mzee wa watu, mwenye kifua kibovu, kwamba unataka kuchimba kaburi kwenye shamba lake? Neno lenyewe halitoki mdomoni. Basi alichagua saa nzuri, baada ya chai, nami nilikuwepo namenya ndizi. Akasema, Mzee, pamoja na wema wote uliotutendea, tuna ombi moja dogo. Tungependa kuchimba shimo, kule nyuma, mgombani. Mzee akaitika polepole. Akasema alikuwa anasubiri waseme, alishaanza kujiuliza, watu wote hawa, mbona hawasemi? Zakaria akashusha pumzi, akaona kweli wazee wana hekima, huyu ameshaisoma hadithi nzima. Akasema ni jambo la kila binadamu. "La kila binadamu," Mzee akakubali, "hata wafalme." Kisha yeye mwenyewe akachukua fimbo, akatuonyesha mahali, mbali na nyumba na mbali na wazazi wake waliolala upande wa juu, akasisitiza tulichimbe refu kwenda chini lisije likaleta harufu. Zakaria aliniambia baadaye kwamba hilo neno harufu lilimshtua kidogo, lakini akalichukulia kuwa utani wa wazee.

Mzee Barikieli, jamani, alikuwa anazungumzia choo. Watu zaidi ya thelathini tunaingia na kutoka kwenye mji wake na kuna choo kimoja tu, alikuwa na haki ya kufikiria choo. Shuleni walitufundisha neno tafsida, kulivalisha jambo nguo ili lisikere, na wakatusifia kwamba Kiswahili kina tafsida nyingi. Hawakutufundisha kwamba watu wawili wanaweza kuvalisha nguo moja mambo mawili, wakaagana kwa heshima, kila mmoja ameridhika.

Bibi alikuwa kwenye ibada ya akina mama. Aliporudi vijana walikuwa wamemaliza, kingo zimenyooshwa, udongo umerundikwa upande mmoja, mbao mbili zimelazwa juu. Alisimama pale na kitenge chake cha kanisani. Hakuuliza mtu. Akamwita mumewe kwa sauti ya kawaida, aje amwonyeshe hicho choo alichokuwa anamwambia tangu jana. Mzee akaja anatabasamu, fimbo mkononi, akachungulia, na tabasamu likaondoka.

"Baba Elisante," Bibi akasema, "hiki ni choo cha kulala."

Zakaria alipoelewa alikaa chini, palepale kwenye udongo. Mzee akamkataza kuomba radhi. Akasema maneno yalikuwa ya wote wawili, tumeheshimiana mpaka tumeumizana, na akajaribu kucheka. Lakini kabla wiki haijaisha kifua kilimbana, homa ikapanda, pumzi ikawa inasikika hadi chumbani kwangu kupitia ukuta. Mwanawe Elisante akaja na gari lake la kubebea mchanga kutoka Terrat, wakamfunga mablanketi, wakamteremsha hospitali mjini. Kabla hajaondoa gari, Elisante alishusha kioo akatuambia kwamba akirudi hataki kukuta hata ubao wetu mmoja. Hakutukana. Afadhali angetukana.

Zakaria akashika sepetu mwenyewe afukie lile shimo. Bibi akasimama mbele yake, akamwambia acha. Hakueleza. Tukalifunika kwa mabati, na kuanzia hapo mji mzima ukawa unalizunguka, hata kuku, au ndivyo nilivyoona mimi kwa sababu roho ilikuwa juu. Kila siku habari zilipanda kutoka mjini na hazikuwa nzuri. Mzee hali chakula. Mzee amewekewa hewa. Dairekta alikuwa anauliza, kwa nia njema kabisa, kama tupige picha haraka kabla familia haijabadili mawazo, au tufukie tukatafute mji mwingine. Zakaria aliacha kula. Nilimwona anapita mkono kwenye kuta zetu za moshi kama mtu anayeaga, nikajua anafikiria vitanda, kisha nikajua hapana, hafikirii vitanda hata kidogo. Anamfikiria yule mzee. Tulikuwa sote tunamfikiria.

Siku moja mchana nilikuwa jikoni namenya mshare, na Bibi alikuwa na wifi yake, Naomi, dada mkubwa wa Mzee, aliyeleta kibuyu cha maziwa. Wakaanza kuongea Kimeru. Ama walinisahau, ama walidhani sisikii. Naomi akasema kaburi likishafunguliwa linangoja mtu wake. Ukilifukia tupu, litafunguka penginepo. Zamani, akasema, wangezika mgomba. Ungekatwa, ungevishwa, ungeliliwa, ungefukiwa, na kaburi limepata chake, linanyamaza. Bibi akamwambia anajua. Ndiyo maana amemkataza yule fundi kufukia. Lakini yeye ni mzee wa kanisa, amesimama mbele ya wanawake wenzake akawaambia waachane na mambo hayo, leo azike mgomba kwenye shamba lake, na nyumba ya mchungaji inaonekana kutoka hapa? Naomi akauliza sasa utalifukia na nini. Kwa maombi, akasema Bibi. Naomi akasema maombi ni mazuri, wala hayahitaji shimo. Hapo Bibi akajifuta macho, akasema kuni hizi mbichi. Kuni zilikuwa kavu, nilizileta mimi.

Nilikwenda moja kwa moja kwa Zakaria. Nilimkuta ndani ya nyumba yetu ya uongo, amekaa kitandani kwa marehemu ambaye hajafa, nikamsimulia neno kwa neno. Akasikiliza hadi mwisho. Nikangoja aseme haya si yetu. Badala yake akaniuliza jeneza letu tulipanga kuliwekea nini ndani. Jeneza tupu haliigizwi, wabebaji wanalibeba kama sinia la chai na kila mtu anaona. Nikamwambia mawe, si tulikubaliana mawe.

"Mawe yanagonga," akasema. "Nataka kitu chenye uzito wa mtu kisichopiga kelele."

Tukatazamana. Akaniambia twende, na safari hii, Aika, tunasema kila kitu kwa jina lake.

Akamkuta Bibi palepale jikoni, Naomi bado yupo. Hakukaa. Akasema, Bibi, tutapiga picha ya mazishi kwenye lile kaburi. Akalitamka kaburi, wazi, nikaona Bibi anaguswa nalo. Akasema jeneza linahitaji uzito, na uzito huo tunaomba uwe mgomba, kutoka shamba hili. Utazikwa mbele ya kamera, kwaya yenu itaimba kama tulivyopatana tangu mwanzo, watu watalia kwa kuwa hadithi inataka walie, na tukimaliza hatutaufukua. Tutafukia tuuache. Nikawa nasikia ndama anatafuna.

"Ni kwa ajili ya filamu," Bibi akasema.

"Kwa ajili ya filamu."

"Filamu si ibada."

"Si ibada, Bibi."

Akainuka, akachukua panga ukutani, akatoka kwenda kuuchagua mwenyewe. Akaupita mmoja, akaupita wa pili, akasimama kwenye mshare uliokwisha kuzaa, ambao mkungu wake ndio tuliokuwa tunaula wiki ile. Huu umeshatoa chake, akasema, tukate huu. Naomi alikuja nyuma yetu, na sijawahi kuona mwanamke mzima akijizuia kutabasamu kwa bidii namna ile.

Siku ya kupiga picha Elisante alifika asubuhi, amekuja kututoa. Alikuwa ametoka hospitali. Alimwambia mama yake kwamba Mzee hakumtambua, alimwita kwa jina la ndugu yake aliyekufa zamani. Alipoona kamera na watu wamevaa nguo nyeusi uso wake ulibadilika, nikarudi hatua nyuma. Bibi akamshika mkono, akamsogeza pembeni, akamwambia maneno machache. Sikuyasikia, na nisingependa kuyabuni. Niliona tu Elisante anavua kofia. Kisha Bibi akamwonyesha jeneza kwa kidole, akamwambia ashike upande ule wa mbele, yule mwigizaji bega lake dogo.

Kabla hatujafunga kifuniko Bibi alikuja na kitu amekikunja kwapani. Lilikuwa koti la kijivu. Akalitandika juu ya mgomba, akalipenyeza pembeni huku na huku, vile unavyomfunika mtu anayesikia baridi. Nilikuwa nimeshika kifuniko. Akanitazama kwa ukali, kana kwamba nimeuliza. "Bado mwepesi," akasema. "Unahitaji uzito." Nikamwambia ndiyo, Bibi, unahitaji.

Enzi hizo tulitumia mkanda wa filamu wenyewe, si hizi kadi za siku hizi, na mkanda ulikuwa haba, kwa hiyo mazishi yangepigwa mara moja. Kwaya ikaimba. Wabebaji wakaja kati ya migomba, na hawakuigiza uzito, waliubeba. Mwigizaji aliyekuwa mjane alilia vizuri, alikuwa hodari. Lakini jeneza lilipoanza kushuka sauti nyingine ilitoka katikati ya kwaya, chini sana, kisha ikapanda, nayo haikuwa ya kuigiza. Bibi Eliaichi alikuwa amepiga magoti. Wanawake wenzake, kwaya nzima ya usharika, wakapiga magoti naye, na ninawaapia hakuna aliyewaelekeza. Mpiga picha akageuza kamera. Elisante akatupa udongo wa kwanza, wanaume wakafuata, na dairekta alipokuja kusema imetosha hakuna aliyemsikia. Walifukia mpaka mwisho. Zakaria alitupa sepetu akawa anasukuma udongo kwa mikono, suruali yake nzuri ya siku ya picha imeharibika. Hakukuwa tena na filamu pale. Kisha Naomi akashindilia kilima kwa kiganja, akasema haya, watu wale chakula.

Picha ile ndiyo iliyompa Zakaria jina. Kule Kimandolu waliionyesha ukutani, bibi mfupi wa kitenge anapiga magoti kati ya migomba, na vijana wakapiga makofi kwa muda mrefu. Wakaulizana yule mwigizaji ni nani, mbona hawajamwona kwingine. Baada ya filamu ile kazi zilimfuata hadi Nairobi na mbali zaidi, akajenga vijiji na mahakama na hata mji mzima wa zamani, na hakuchimba tena. Mara ya kwanza alipopewa hadithi nyingine yenye mazishi, dairekta mwingine, mkoa mwingine, aliagiza mbao. Wakamuuliza sababu. Akasema ndivyo anavyofanya kazi. Na kwa kuwa alikuwa hodari, hakuna aliyebisha, na kwa kuwa hakuna aliyebisha, leo mnasema ni bima.

Kama ni dawa za daktari, au ni maombi ya Bibi, au ni mgomba, sina haja ya kuamua, na anayetaka kunilazimisha niamue nitampa kuku wangu mwenye njaa amlishe. Ninachojua ni kwamba siku chache baadaye tulisikia honi ya gari la mchanga inapanda mlima, inapigwa bila kuachiwa, na mimi nikakaa kwenye ndoo. Elisante aliruka kabla injini haijazima. Baba yake ameamka, ameomba chai, imeletwa haina sukari, amemgombeza muuguzi. Bibi akafunika uso kwa khanga. Zakaria alizunguka nyuma ya nyumba ya uongo na akakaa huko kwa muda, na aliporudi aliuliza kama kuna chochote cha kula. Alikula makande ya sufuria nzima. Nilikuwa nampakulia huku nacheka peke yangu, sijui nacheka nini, nimefurahi tu mpaka inauma.

Mzee alirudi nyumbani amekonda, shati linamwogelea. Hakuingia ndani kwanza. Aliomba fimbo yake akaenda mgombani, nasi tukamfuata, Bibi, Naomi, Elisante, Zakaria na mimi. Akasimama mbele ya kile kilima cha udongo. Akauliza nani yumo. Bibi akamjibu kwamba ni mshare, waliuzika kwa ajili ya filamu. Mzee akatikisa kichwa taratibu, akamtazama dada yake, na dada yake akageuka kuangalia mlima.

"Watu walilia?" akauliza.

"Walilia."

"Na wewe?"

"Nililia," Bibi akasema.

"Ya kweli au ya filamu?"

Bibi alimsogelea, akamfunga kifungo cha shati kilichokuwa wazi. "Ilianza ya filamu," akasema.

Mzee Barikieli akacheka. Akacheka mpaka kicheko kikageuka kikohozi, akainama juu ya fimbo, na sisi sote tukaganda pale tulipo. Elisante alishanyoosha mikono kumdaka. Mzee akainua kiganja, akavuta pumzi, ikaingia, ikatoka, akatutazama mmoja mmoja machozi yanamtoka.

"Ni kicheko tu," akasema. "Msianze kuchimba."